Viti Vilivyosamehe

1

Mhandisi Lwambano alinishika mikono yote miwili pale varandani mwa ukumbi, akanishukuru kwa muziki wangu huku analia. Machozi yake yalinidondokea kiganjani. Yalikuwa ya moto, machozi ya mtu kabisa, na hilo ndilo lililonitibua zaidi.

"Binti yangu," alisema, "miaka miwili sijapata usingizi wa maana. Leo umenifungua. Ile sehemu ya lango, fidla ilivyoanza chini ikapanda taratibu, nimesikia kama mtu ananiambia, Ezekia, pumzika, ulifanya ulichoweza."

Nilimtazama. Kwenye ile sehemu ya lango sikuweka fidla. Sikuweka chochote. Dakika tatu na sekunde kumi za filamu ile niliziacha bila muziki kwa makusudi, na kwa ajili ya dakika hizo niligombana na mwongozaji wiki nzima. Sasa mtu huyu, kati ya watu wote waliopo duniani, ananiambia fidla yangu ilimbembeleza.

"Karibu tena Jumamosi, Mhandisi," nilisema, maana ndiyo heshima pekee niliyokuwa nimebakiwa nayo. Nikauvuta mkono wangu nikaenda kunawa.

Lwambano ndiye aliyekuwa na ufunguo wa lango namba tatu la bwawa la Mkumbizi siku maji yalipojaa. Mabanda ya kompyuta kule pwani yanakunywa umeme bila kushiba, na kila lita inayoachiliwa bila kupita kwenye mitambo huandikiwa ripoti. Alikaa na ufunguo mkononi saa nzima, hakufungua. Anasema aliamriwa, aliyemwamuru hajamtaja mpaka leo. Saa tisa alasiri ukuta ukapasuka, watu arobaini na watatu wakaenda na maji. Mmoja wao alikuwa mdogo wangu Sikujua, mwalimu wa darasa la tatu.

Ndekirwa, rafiki yangu wa miaka mingi, ndiye aliyetengeneza filamu ya siku ile. Ni filamu huru, yaani haina mkubwa anayeitolea amri: aliiandika mwenyewe, akaiongoza, akaikata, na waigizaji ni watu wa Mkumbizi. Mimi nikatunga muziki. Baraza la Suluhu likaikubali, maana ndio utaratibu wao siku hizi. Kabla watu hawajapiga kura ya kusamehe au kupeleka kesi mahakamani, hukaa ukumbini pamoja, waliofiwa na wanaotuhumiwa, wakatazama simulizi moja. Onyesho la kura lilikuwa Jumamosi. Hili la Jumatano lilikuwa la majaribio tu.

Nilipotoka kunawa, watu walikuwa wanamiminika nje. Nimezoea kuona watu wakitoka kwenye filamu za Ndekirwa. Huwa wananyamaza, au wanabishana, au kuna mmoja anatukana serikali hadi getini. Hawa walikuwa wanatabasamu na macho mekundu. Walikuwa wanashikana mabega. Mzee mmoja aliyepoteza wajukuu wawili alimpa Lwambano leso yake.

Mama yangu, Bi Hadiya, alitoka wa mwisho. Tangu mazishi, mama alikuwa hataki hata kulisikia jina la yule mtu. Likitajwa redioni, alikuwa anaitupia redio kitambaa cha meza.

"Nimepoa, mwanangu," aliniambia, akinipapasa shavu. "Sijui nisemeje. Nadhani nimesamehe."

Nilitamani kupiga kelele. Nikamshika mkono, nikampeleka nyumbani.

2

"Hebu nifungulie kumbukumbu za viti," nilimwambia Ndekirwa jioni ileile, tukiwa kwenye chumba cha mitambo. "Kiti namba saba, safu ya mbele. Alichokaa yeye."

"Mwantumu, dada yangu, hizo hatupaswi..."

"Fungua."

Akafungua. Ndekirwa ni mtu wa Meru, mrefu, mpole wa kuudhi, na ananijua nikishakunja mikono ya blauzi.

Kiti cha kampuni ya Tulizo kina nyuzi za shaba kwenye sehemu za kuwekea mikono, zinazosoma jasho na mapigo ya moyo. Kwenye egemeo la kichwa kuna vipaza sauti viwili vinavyopitisha sauti kwenye mfupa wa kisogo. Maneno ya waigizaji mnayasikia wote yaleyale. Muziki, kila mtu na wake. Mimi mtunzi natoa mbegu, yaani vipande hamsini hivi vya sekunde chache chache, fidla hapa, marimba pale, na mashine inaziotesha palepale, kiti kwa kiti, kwa kufuata anavyopumua aliyekaa. Kazi yake imeandikwa kwenye mkataba kwa herufi nene: mtazamaji asinyanyuke akiwa amevurugika. Kumbi zote za mikoani zina viti hivi. Filamu isiyo na mbegu inaishia kwenye kuta za shule na mashuka ya kanisani.

Nilijua yote hayo. Miaka kumi na moja nimekula kwa mbegu. Ila sikuwahi kukaa nikasikiliza alichosikia mtu mwingine.

Ndekirwa akaweka dakika ya sitini na nane. Kwenye kioo, mwigizaji wetu amesimama juu ya bwawa, mvua inanyesha, ufunguo upo mkononi. Anautazama. Anatazama simu. Nilitaka pale pawe kimya, kimya cha kumtoa mtu jasho, kwa sababu nyumbani kwetu mtu akifa redio huzimwa. Tulipokaa matanga ya Sikujua, mama alichomoa waya wa redio ukutani kwa mkono wake, na mimi niliifunga fidla kwenye kanga nikaipandisha juu ya kabati siku arobaini. Kimya kile ndicho nilichotaka kukipeleka ukumbini.

Kilichotoka kwenye spika ni fidla. Fidla yangu mwenyewe, ule mkwaruzo mdogo wa waya wa tatu naujua popote. Mashine ilikuwa imechukua kipande nilichotunga kwa ajili ya harusi iliyo mwanzoni mwa filamu, ikakipunguza mwendo, ikakilaza chini ya mapigo ya moyo wa Lwambano. Moyo ulipokuwa unakimbia, fidla ilitembea. Moyo ukaanza kuifuata fidla. Kufikia dakika ya sabini moyo wa mtu yule ulikuwa umetulia kama wa mtoto aliyebebwa mgongoni.

"Kazi nzuri kweli," Ndekirwa alisema kwa uchungu. "Wallahi ningekuwa simjui, ningelia naye."

Nilimpigia Pulkeria, anayeshughulikia watunzi kule Tulizo. Ni binti mwenye adabu sana, na kadiri unavyopaza sauti ndivyo adabu yake inavyozidi.

"Dada Mwantumu, nafasi wazi hujazwa," alisema. "Ni kifungu cha tisa."

"Ile haikuwa nafasi wazi. Kilikuwa ni kimya."

"Nakuelewa kabisa, dada. Ila kwenye karatasi ya mbegu uliacha wazi. Mashine ikikuta wazi inaelewa umeiachia kazi."

Na kweli niliacha wazi. Nilifanya anavyofanya kila mtunzi duniani akitaka kimya: sikuandika kitu. Mtu mwingine yeyote angeuliza kwanza, lakini sisi watunzi tunajiona tunajua kimya kinavyoandikwa. Niliikabidhi mashine dakika tatu za msiba wa mdogo wangu kwa mkono wangu, na sahihi nikatia. Nilikata simu kwa hasira, na sehemu kubwa ya hasira hiyo ilikuwa juu yangu mwenyewe.

3

Asubuhi nilimkuta mama ameketi kwenye kigoda uani, hajachambua mchele, hajawasha jiko. Chai aliyoimimina ilikuwa imeota utando.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kaa hapo." Hakunitazama. "Jana nilisema nini mimi?"

Nilikaa. "Ulisema umesamehe."

"Nilisema hivyo?"

"Ulisema unadhani umesamehe."

"Basi nimeamka alfajiri, nimeswali, nimekaa nikaitafuta hiyo samahani, sikuiona." Akajipiga kifuani kwa kiganja. "Humu hamna. Nimemtafuta yule bwana nimsamehe, kila nikimweka mbele yangu namuona Sikujua na chaki zake. Sasa nakuuliza wewe, maana muziki ni wako. Nani kanisamehesha?"

Ningeweza kumwambia habari za nyuzi za shaba na kifungu cha tisa. Nilimwambia kwa kifupi: kiti kilimsikia moyo unamwenda mbio, kikamtuliza.

"Nani kakiomba?"

"Hakuna, mama."

"Mimi nimeshika hasira yangu miaka miwili," mama alisema, na sasa sauti ilianza kumpanda. "Nailisha, nailaza, naamka nayo. Ndicho kitu cha Sikujua nilichobaki nacho, nguo zake zote maji yamechukua. Halafu kiti! Kiti, Mwantumu! Kinaninyang'anya mbele za watu, na mimi natoka nacheka meno nje!"

Akasimama, akamwaga ile chai kwenye mizizi ya mpapai.

"Na Jumamosi watatuweka kwenye viti hivyohivyo, kisha wanatupa karatasi za kura."

"Ndiyo, mama."

"Basi fanya kitu. Hiyo kazi ndiyo uliyoisomea."

4

Ndekirwa alikuwa na wazo, na lilikuwa wazo baya ambalo mimi pia nilikuwa nimeamka nalo. Aliyeanza kulisema ni yeye tu.

"Mtunzi ana ruhusa ya kuandikia kiti kimoja peke yake," alisema. Tulikuwa studio kwangu, mchana, jua limepiga dirishani. "Waliiweka kwa ajili ya wageni rasmi. Kiti namba saba atakaa yeye tena, kiti kinamkumbuka. Tunajua kila kitu kinachomgusa. Jumatano kilimtuliza. Jumamosi wewe kiambie kimvunje."

"Nikishamvunja?"

"Atasema. Mbele ya Baraza zima atasema nani alimwamuru asifungue. Miaka miwili tunalitafuta jina hilo, Mwantumu. Filamu yangu nzima ina shimo katikati kwa sababu ya jina hilo."

Nitasema ukweli: nilifurahi. Nilikaa kwenye kinanda nikafanya kazi mpaka usiku bila kula, na sijawahi kutunga vizuri namna ile. Hasira inajua muziki kuliko vyuo vyote. Nilichukua ujumbe wa sauti niliokuwa nao kwenye simu, Sikujua akiwaimbisha watoto jedwali la saba, saba mara moja saba, saba mara mbili kumi na nne, nikaupasua vipande vipande. Nikaweka maji chini yake, sauti nzito isiyosikika bali inayobana tumbo. Nikaifunga kwenye moyo wa Lwambano ili kila ukijaribu kupumzika, watoto waendelee kuhesabu. Mashine ikapiga hesabu yake ikaniandikia kwenye kioo: atavunjika dakika ya sabini na moja.

Lakini sisi watunzi wa mbegu tuna kawaida yetu moja, ya tangu viti vya kwanza: mtunzi hukaa kwanza. Huwezi kumkalisha mtu kwenye muziki ambao wewe hujaukalia. Hakuna anayekulazimisha. Wengi siku hizi hawakai. Mimi hukaa.

Nina kiti kimoja cha kazi, cha zamani, ngozi imechanika. Nilikiambia kinihesabu kama Lwambano. Ndekirwa akaanzisha filamu akakaa pembeni na kinasa sauti, kama kawaida, tupate kujua nilisema nini nikiwa ndani.

Nakumbuka dakika kumi za kwanza. Nakumbuka mvua. Baadaye nakumbuka taa nyekundu, na taa hiyo haimo kwenye filamu. Ni ya studio moja ya Arusha, mlangoni, inayowaka mtu anaporekodi. Ilikuwa inawaka siku ile Sikujua aliponipigia simu saa nane na nusu, na mimi nikaiacha ikaita, kwa sababu nilikuwa katikati ya fidla na nilijua ni habari za pazia alilotaka nimnunulie. Alikuwa ananisumbua na pazia wiki nzima. Sijamwambia mtu habari ya simu hiyo. Kiti hakikuijua. Kilichofanya ni kubonyeza tu mahali panapouma, na kila mtu ana mahali panapouma.

Nilipofungua macho nilikuwa nimelowa, mikono imeng'ang'ania kiti. Ndekirwa alikuwa amesimama karibu na mlango.

"Nimesema nini?"

"Umesema ulikuwa na ufunguo mkononi. Umesema ungeweza kufungua lango ukaacha. Umeomba ushitakiwe." Akarudisha rekodi nyuma. "Umerudia mara nne. Na umemtaja aliyekuamuru."

"Nani?"

"Mimi," Ndekirwa alisema.

Kwenye kinasa sauti nikajisikia mwenyewe, sauti imepasuka, mtu anayesema kweli kabisa: Ndekirwa aliniambia nisifungue, Ndekirwa aliniambia ngoja. Na kweli aliniambia ngoja, mara nyingi, tulipokuwa tunapanga muziki wa sehemu hiyo. Mashine ilihitaji jina na mimi nikaipa lililokuwa karibu.

Siku ile mimi nilikuwa Arusha, mamia ya kilomita kutoka bwawani. Kama kiti kimeweza kunifanya nikiri, kingemfanya hata imamu akiri, hata kuku. Lwambano angelia Jumamosi, angetaja jina, na watu wangemkamata huyo aliyetajwa wakamla nyama. Lisingekuwa jina la kweli. Lingekuwa jina lililokuwa karibu.

"Futa," nilimwambia Ndekirwa.

"Yote?"

"Muziki wote wa kiti namba saba. Na hiyo rekodi yangu."

"Sasa tunabaki na nini?" Aliuliza kwa hasira, na ni mara chache sana Ndekirwa hukasirika. "Tunarudi kumbembeleza? Kesho kutwa ni kura!"

Niliinuka nikaenda kuichukua fidla ukutani. Nilitaka kuipiga, nikashindwa. Nikaifunga kwenye kanga.

Ni pale nilipokuwa nakaza fundo ndipo nilipojua la kufanya. Mashine haijui kimya. Inajua wazi, na inajua sauti. Basi kimya inabidi nikirekodi.

5

Ijumaa asubuhi nilitandika mikeka kwenye sebule ya mama. Nilikuwa nimewapitia wanawake waliokaa nasi matanga ya Sikujua, wote saba, mlango kwa mlango. Sikuwaambia mengi. Niliwaambia waje wakae kama siku ile.

"Tulie?" aliuliza Mama Mbwana, jirani yetu wa ukuta mmoja, mwanamke asiyeweza kukaa na neno mdomoni.

"Hapana. Mkae tu."

"Tusisemeshane?"

"Dakika tatu na kitu, Mama Mbwana. Utaweza?"

"Mh. Huo mtihani," alisema, na wenzake wakacheka. Kisha wakavua viatu wakaingia, na mara walipokalia ile mikeka, mahali palepale walipokaa mara ile, kicheko kilikwisha chenyewe.

Nikaweka vinasa viwili, kimoja karibu na dirisha. Mama alikwenda ukutani akachomoa waya wa redio, ingawa redio ilikuwa haijawashwa. Nikainua kidole.

Hakuna aliyesema. Kuku mmoja alikuwa anaparua uani. Bomba lilidondosha tone kwenye ndoo, likakaa sana, likadondosha jingine. Bangili ya mtu iligusa bangili. Mama alikohoa mara moja, kile kikohozi chake kikavu alichokipata wiki ya mazishi na hakijamwacha. Wanawake wanane walipumua, na kwa kuwa hapakuwa na kitu kingine cha kusikiliza, nilisikia kila mmoja anavyopumua tofauti na mwenzake.

Nilirudi studio nikajaza karatasi ya mbegu upya. Penye swali la aina ya chombo, niliandika: chumba. Penye muda, dakika tatu na sekunde kumi. Penye swali la kama mashine inaruhusiwa kurekebisha, nikaweka kufuli ya mtunzi.

Simu ya Pulkeria ikaingia kabla sijamaliza kunywa maji.

"Dada Mwantumu, shikamoo. Naona umefunga kipande. Samahani, sijui kama unajua: ukifunga zaidi ya nusu dakika unajiondoa kwenye orodha. Hakuna ukumbi wa Tulizo utakaopokea mbegu zako tena."

"Najua."

"Maana yake kumbi zote, dada."

"Pulkeria, mama yako yupo?"

"Yupo. Yuko Kilosa."

"Akifiwa, Mungu apishie mbali, ungependa kiti kimfanye atabasamu siku ya tatu?"

"Mimi napokea fomu tu, dada," alisema, na kwa mara ya kwanza adabu ilikuwa imemtoka. "Thibitisha, basi, kabla bosi hajarudi kutoka chakula."

Nikathibitisha. Miaka kumi na moja ya kazi ilikwenda kwa kubonyeza mara moja, na sitaki kujifanya haikuniuma. Iliniuma sana.

6

Jumamosi saa nne asubuhi ukumbi ulijaa. Masanduku ya kura yalikuwa yamepangwa kwenye meza ya mbele, chini ya kioo. Lwambano alikaa kiti namba saba, kashati kamepigwa pasi, uso wa mtu aliyelala vizuri siku tatu. Mama alichagua kiti cha nyuma yake. Nilimwambia akae mbali, hakunisikia. Mimi nilisimama ukutani pamoja na Ndekirwa, kwa sababu sikutaka kukikalia kiti chochote tena maishani.

Saa nzima ya kwanza viti vilifanya kazi yake. Niliwaona watu wakilegea. Kwenye harusi walitabasamu wote kwa pamoja, mvua ilipoanza wakapumua kwa pamoja, na mabega yao yakashuka. Nikawaza, nimechelewa, wameshalainishwa, hata dakika tatu hazitatosha.

Kisha mwigizaji wetu akapanda juu ya bwawa, ufunguo mkononi, na muziki ukakatika kwenye viti vyote mia tatu.

Mwanzo walidhani ni hitilafu. Vichwa viligeuka. Mtu aligonga egemeo la kichwa chake kwa kidole. Kisha kuku akaanza kuparua, tone likadondoka kwenye ndoo, na mwanamke mmoja safu ya kati akasema kwa sauti ya chini, "Ee Mola," maana alikijua chumba kile. Hakuna mtu wa Mkumbizi ambaye hakukaa kwenye chumba cha namna ile mwaka ule.

Baada ya hapo nilianza kuwasikia. Nimetunga muziki wa filamu karibu nusu ya maisha yangu na sijawahi kuusikia ukumbi wenyewe. Kuna aliyekuwa anasaga meno. Kuna mwanamume aliyelia vibaya, kilio cha kukwaruza, kisicho na mpangilio wowote. Mzee yule wa wajukuu wawili alikuwa anasema majina yao moja baada ya jingine. Na wote walikuwa wanasikiana. Huo ndio uliokuwa muujiza wenyewe: Jumatano kila mmoja alikuwa amefungiwa peke yake na fidla yake, leo walikuwa mia tatu.

Lwambano alianza kuhangaika. Nilikiona kisogo chake kikitafuta sauti kwenye egemeo, kulia, kushoto. Mkono wake ukabonyeza kitufe cha kumwita fundi. Akabonyeza tena. Kwenye kioo yule mtu mwenye ufunguo bado alikuwa anatazama simu. Mama alikohoa ndani ya kipande changu, na papo hapo, nyuma ya kichwa cha Lwambano, mama akakohoa kweli.

Lwambano akaruka wima.

"Fundi!" alisema, na sauti yake ilijaza ukumbi wote. "Kiti changu kimeharibika! Hakifanyi kazi!"

Watu mia tatu walimtazama. Hakuna aliyempigia kelele. Naapa, nilikuwa nimejiandaa kwa kelele, kwa kiatu kutupwa, kwa Ndekirwa kukimbilia taa. Palikuwa kimya tu, na mtu mzima amesimama katikati ya kimya hicho analilia muziki wake.

"Hata changu, baba," mama alisema kutoka nyuma yake, bila kupaza sauti. "Kaa hivyohivyo."

Akakaa. Zilikuwa zimebaki dakika moja na nusu, na akazikaa zote.

Kura zilipohesabiwa, waliokataa kusamehe walikuwa wengi zaidi. Kesi inakwenda mahakamani, na huko jina la aliyeamuru litatafutwa kwa maswali na karatasi, polepole, inavyotakiwa. Wapo waliosamehe. Mama Mbwana alinijia na kuniambia kwamba yeye ni mmoja wao. "Nimesamehe kwa akili zangu timamu, na usinitolee macho," alisema, na ilinibidi niyarudishe macho yangu.

Lwambano alinipita varandani. Safari hii hakunishika mkono. Alisimama kidogo, akanitazama, macho makavu.

"Jumatano ilikuwa nzuri zaidi," alisema, akaenda zake.

Ningemjibu mengi, lakini simu ililia mfukoni, ujumbe wa Tulizo wa kunifuta, na nilipomaliza kuusoma alikuwa ameshashuka ngazi. Nikaizima simu. Mama alikuwa amekaa kwenye ngazi ya mwisho anavaa viatu, kiganja kimoja kifuani, kama mtu anayepapasa mfuko kuhakikisha funguo zake hazijapotea.

"Vipi, mama?" niliuliza. "Inauma?"

"Ipo," alisema mama. "Ipo palepale nilipoiacha. Hebu nishike mkono tuondoke, sijaweka maharage jikoni."